Waliojibu "Mbele Zaidi": Nani Aliujenga Mji wa Dhahabu?

Ramani ilikuwa mezani mbele yangu, nakala kubwa ya ile ambayo Jodocus Hondius aliichapisha Amsterdam mwishoni mwa miaka ya 1590 ili kuionyesha nchi ya Guiana, kaskazini mwa Amerika ya Kusini. Mto Orinoco upo. Mto Amazon upo. Pwani nzima imejaa majina ya vijito na ghuba, yakiwa yamebanana hadi hayasomeki bila ya kuinama. Na katikati ya mito hiyo miwili limelala ziwa refu, kubwa kama bahari ya ndani, linaloitwa Parime, na ukingoni mwake umechorwa mji wa Manoa, ambao Wahispania waliuita El Dorado.

Ziwa hilo halipo. Mji huo haukuwahi kuwapo.

Kilichonisumbua kwa wiki kadhaa tangu siku hiyo si kwamba ramani ile ina kosa, kwa kuwa ramani zote za zamani zina makosa. Kilichonisumbua ni kwamba wino uliochora ziwa lisilokuwapo ni uleule uliochora mito iliyopo, wala hakuna alama yoyote ya kumwonya msomaji. Wachoraji waliendelea kulinakili Parime kwa takribani miaka 200, hadi mwanasayansi Mjerumani Alexander von Humboldt alipopita Orinoco mwaka 1800 na kuanza kuijenga hoja ya kulifuta.

Nimesoma maelezo mengi kuhusu uroho wa watafutaji wa dhahabu, na uroho si fumbo kwangu. Fumbo ni jingine. Mgeni anayeingia nchi asiyoijua hachori kitu mpaka amwulize mwenyeji. Kila mstari kwenye ramani ya namna ile ulianza kama jibu la mtu fulani.

Basi ni nani aliyejibu?

## Kwanza alikuwa mtu

Kabla ya kuwa mji, El Dorado alikuwa binadamu. Habari iliyosambaa Quito karibu mwaka 1541 ilimhusu mtawala wa nyanda za juu za Colombia ya leo, aliyepakwa utomvu mwilini, akapulizwa vumbi la dhahabu hadi akang'aa mwili mzima, kisha akapelekwa kwa chelezo katikati ya ziwa kutoa sadaka. Ziwa linalotajwa mara nyingi ni Guatavita, lililo kwenye mwinuko wa karibu mita 3,000 kaskazini mashariki mwa Bogotá, na watu wenyewe ni Wamuisca.

Maelezo marefu zaidi ya ibada hiyo tunayapata kwa Juan Rodríguez Freyle, aliyeandika mwaka 1636, yaani karibu karne nzima baada ya uvamizi wa Wahispania, akisema kwamba alisimuliwa na mtu wa ukoo wa watawala wa Guatavita. Umbali huo wa miaka ungetosha kutufanya tuitilie shaka habari yote, kama mwaka 1969 wakulima hawakukuta ndani ya pango, karibu na kijiji cha Pasca, chelezo kidogo cha dhahabu chenye urefu wa sentimita 19.5. Juu yake amesimama mtu mmoja mkubwa, akizungukwa na wengine wadogo. Sasa kipo katika Jumba la Makumbusho la Dhahabu mjini Bogotá. Pasca iko mbali na Guatavita, kwa hiyo chelezo hicho hakithibitishi kila neno la Freyle, lakini kinatosha kuonyesha kwamba ibada ya namna hiyo iliishi akilini na mikononi mwa watu wenyewe, na kwamba haikubuniwa na Wahispania.

Jambo ambalo wasimulizi wengi hulipita haraka ni kwamba nchi ya Wamuisca haikuwa nchi ya machimbo ya dhahabu. Utajiri wao ulikuwa chumvi, waliyoichemsha kutoka chemchemi za Zipaquirá na Nemocón, pamoja na zumaridi za Somondoco na nguo za pamba. Kwa bidhaa hizo walinunua dhahabu kutoka kwa majirani wa mabondeni, wakaichanganya na shaba, wakafinyanga kwanza sanamu za nta, wakazifunika kwa udongo, wakaiyeyusha nta na kumimina madini mahali pake. Sanamu nyingi za sadaka ziliachwa bila kusuguliwa, mabaki ya kalibu yakiwa bado yanaonekana, kwa sababu hazikutengenezwa ili zivaliwe wala kutazamwa. Zilitengenezwa ili zitolewe.

Watu wa namna hii waliulizwa dhahabu yao inatoka wapi. Jibu la kweli lilikuwa kwamba inatoka kwingine.

## Kibanda cha Sagipa

Mhispania Gonzalo Jiménez de Quesada aliondoka Santa Marta, pwani ya Colombia, mwaka 1536 na watu takribani 800. Alipofika nyanda za Wamuisca mwaka uliofuata, waliobaki hai walikuwa chini ya 200. Nafikiri ni lazima kuukumbuka msafara ule wa vifo ili kuelewa kilichofuata, ingawa kuelewa si kusamehe. Watu waliozika wenzao wengi kiasi kile hawakuwa tayari kusikia kwamba dhahabu waliyoikuta ndiyo yote.

Tisquesusa, mtawala wa Wamuisca, aliuawa mwaka 1537. Sagipa alishika nafasi yake, akapatana na Wahispania, na hata akapigana nao bega kwa bega dhidi ya jirani zake Wapanche. Kisha wakamgeukia na kumdai hazina ya Tisquesusa, waliyoamini kwamba imefichwa. Sagipa akaahidi kujaza kibanda kizima dhahabu. Siku alizopewa zikaisha na kibanda hakikujaa. Wakamfunga, wakamtesa, wakamchoma miguu, naye akafa kutokana na mateso hayo.

Nilisimama hapa kwa muda mrefu. Ahadi ya Sagipa imehesabiwa mara nyingi kama ushahidi kwamba hazina ilikuwapo, kwani angewezaje kuahidi asichokuwa nacho? Lakini miaka michache tu kabla ya hapo, kule Cajamarca, Peru, Atahualpa, mfalme wa Wainka, aliahidi chumba kilichojaa dhahabu, akatimiza ahadi, na bado aliuawa mwaka 1533. Waliomhoji Sagipa waliijua habari ya Atahualpa vizuri, na swali lao lilikuwa tayari na umbo la chumba kinachopaswa kujazwa. Mtu aliyefungwa alijibu kwa umbo la swali aliloulizwa.

Quesada alishtakiwa baadaye kwa kifo hicho. Hata hivyo, mwaka 1569, akiwa mzee, aliondoka tena Bogotá akiongoza msafara mkubwa kuelekea mashariki kuitafuta El Dorado, na waliorudi pamoja naye baada ya miaka kadhaa walikuwa wachache mno. Huyu ndiye Mhispania aliyeingia kwanza katika nchi ya mtu wa dhahabu. Kama kuna mtu ambaye angepaswa kujua kwamba hakuna mji mwingine mbele, ni yeye.

## Delicola alichokielewa

Hapa ndipo mawazo yangu yalipogeuka.

Mwaka 1541 Gonzalo Pizarro, ndugu wa Francisco aliyeiteka Peru, aliondoka Quito na Wahispania wapatao 220 na wenyeji takribani 4,000, wengi wao wapagazi, kwenda kutafuta mdalasini na El Dorado upande wa mashariki wa milima ya Andes. Miti iliyofanana na mdalasini waliikuta, lakini imetawanyika msituni kiasi kwamba haikuwa na faida yoyote. Pizarro akawauliza wenyeji kama mbele kuna nchi tajiri yenye tambarare na miji. Wakasema hawajui, kwamba wao ni watu wa msituni na hawatoki kwao. Akaagiza wateswe. Wengine walichomwa moto, wengine walirushiwa mbwa.

Habari hizo zilienea haraka kuliko mwendo wa msafara. Msafara ulipofika kwa chifu aliyeitwa Delicola, yeye alikuwa amekwisha kujua kwamba jibu la kutojua ni jibu la kifo. Akasema ndiyo. Mbele zaidi, alisema, kuna watu wengi na watawala wenye nguvu. Pizarro akafurahi, akamchukua mateka, na msafara ukaendelea.

Waswahili husema mwenye nguvu mpishe. Siku zote nimeichukua methali hiyo kama shauri la mtu mnyonge kujiweka kando ya njia. Kwa Delicola naiona kama kazi ya uongozi. Watu wake walikuwa hatarini kwa kila siku ambayo mbwa wale wangebaki kijijini, na njia pekee ya kuwaondoa ilikuwa kuwapa mahali pa kwenda. Jibu lake lilikuwa ngao.

Nikaanza kuzisoma upya safari nyingine kwa jicho hilo. Karibu kila msafara una siku kama hiyo: swali linaulizwa, aliyesema hapana anaumizwa, anayefuata anasema ndiyo, na mahali anapopataja pako siku kadhaa mbele, ng'ambo ya mto, nje ya ardhi ya watu wake. Mji wa dhahabu ukahama kutoka Colombia hadi Ecuador, kutoka Ecuador hadi tambarare za mashariki, kutoka huko hadi Guiana. Wanahistoria huuita uhamaji wa ngano. Mimi naona jamii moja baada ya nyingine zikiusukuma mzigo utoke mlangoni.

## Mzee wa Orinoco

Mwaka 1595 Mwingereza Walter Raleigh alifika Trinidad, akamkamata gavana wa Kihispania Antonio de Berrío, aliyekuwa ametumia miaka mingi kuitafuta El Dorado, akajifunza kwake habari za Manoa, kisha akapanda Orinoco hadi karibu na mahali mto Caroní unapoingia. Huko alikutana na Topiawari, mzee ambaye Raleigh anadai alikuwa na umri wa miaka 110.

Raleigh mwenyewe ndiye anayetuambia kwamba Wahispania walikuwa wamemuua Morequito, jamaa ya mzee huyo, na kwamba Topiawari aliburutwa kwa mnyororo kwa siku 17 hadi alipojikomboa kwa sahani 100 za dhahabu. Anayaandika hayo kuonyesha ukatili wa adui yake, na haonekani kutambua kwamba anatueleza pia shahidi wake alikuwa katika hali gani. Mzee aliyekwisha kulipa dhahabu ili aondolewe mnyororo shingoni sasa aliulizwa tena habari za dhahabu, na mzungu mwingine, mwenye silaha zilezile.

Topiawari alijibu kwa uangalifu mkubwa. Alizungumza juu ya watu wenye nguvu waliokuja kutoka mbali na kukalia milima, adui zake mwenyewe. Hakumwambia Raleigh kwamba mji haupo. Alimwambia kwamba watu alionao hawatoshi, kwamba mto unajaa, na kwamba arudi mwaka mwingine na jeshi kubwa zaidi. Alimtoa mwanawe aende Uingereza, naye Raleigh akawaacha Waingereza wawili. Ninavyoona mimi, huyu alikuwa mtawala anayetafuta mshirika dhidi ya Wahispania, na aliyejua kwamba Mwingereza hatarudi kwa ajili ya urafiki mtupu.

Kitabu alichokichapisha Raleigh mwaka 1596 ndicho kilicholisha ramani ya Hondius. Mwaka 1617 alisafiri tena. Mwanawe aliuawa San Thomé, makazi ya Wahispania kando ya Orinoco, mji wa dhahabu haukuonekana, na yeye mwenyewe alikatwa kichwa London tarehe 29 Oktoba 1618.

## Shaka zangu

Tafsiri hii ilinipendeza mno, na kwa sababu hiyo nikalazimika kuihoji.

Shaka ya kwanza ni kwamba inawafanya wenyeji wote kuwa wajanja, kana kwamba kila jibu lilipangwa. Sidhani kwamba ilikuwa hivyo. Dhahabu ilikuwa ikisafiri. Pambo lililovaliwa na mtu wa Orinoco lingeweza kuwa limepita mikono mingi kutoka milimani, na aliyelivaa, akiulizwa lilikotoka, alionyesha kidole upande ambao jirani yake alikuja nao. "Mbele zaidi" lilikuwa mara nyingi jibu la kweli kabisa.

Shaka ya pili ni nzito kuliko hiyo. Maneno ya Delicola na Topiawari hatunayo. Tulicho nacho ni kile ambacho wavamizi waliandika kwamba kilisemwa, kupitia wakalimani ambao wengine walikuwa mateka, kwa lugha ambazo mara nyingi mkalimani mwenyewe alizifahamu nusunusu. Huenda mtu alisema "ziwa" akimaanisha nyika ya Rupununi, huko Guiana, ambayo hufurika wakati wa mvua, na aliyeandika akasikia bahari yenye mji.

Shaka hii ilinirudisha pwani yetu. Katika miaka ya 1850 mmisionari Jakob Erhardt aliishi Tanga, akawauliza watu wa misafara habari za bara, na kutokana na majibu yao yeye na Johannes Rebmann wakachapisha ramani yenye ziwa moja kubwa mno katikati ya Afrika Mashariki. Ziwa hilo nalo halipo. Lakini Nyasa lipo, Tanganyika lipo, na Nyanza lipo, na watu wa misafara waliyajua yote matatu. Kosa lilikuwa la kuyaunganisha. Aliyejibu Tanga hakuwa na moto miguuni, na jibu lake, hata lilipopotoshwa, liliwapeleka waliofuata mahali palipokuwa na maji. Ulinganisho huo ndio uliorejesha imani yangu kwamba namna ya kuuliza ilikuwa na uzito mkubwa kuliko umbali au lugha.

## Sena, 1571

Tena pwani yetu haikuwa mtazamaji tu katika jambo hili. Wareno walioiteka Kilwa na kujenga ngome Sofala mwaka 1505 walikuja kuamini kwamba nyuma ya Sofala iko Ofiri, nchi inayotajwa katika Biblia kuwa ilimpelekea Mfalme Suleimani dhahabu. Mwaka 1569 Francisco Barreto alitumwa kutoka Lisbon ili ayafikie machimbo ya Mwenemutapa, ufalme wa bara nyuma ya Sofala.

Alipofika Sena, kando ya mto Zambezi, farasi wakaanza kufa, na askari wakafuata. Leo tunajua kwamba mbung'o na malaria vilitosha kabisa kuleta maafa hayo. Wareno waliwashtaki Waislamu wa Sena, wafanyabiashara waliokuwa wameishi hapo na wenyeji kwa muda mrefu, kwamba wametia sumu. Wakawaua kikatili, wengine kwa mizinga, na padri Monclaro aliyekuwa katika msafara huo ameyaandika hayo bila kuyaonea haya.

Barreto alifia huko mwaka 1573. Mrithi wake, Vasco Fernandes Homem, hatimaye alifika Manyika na kuyaona machimbo. Alikuta watu wakichimba na kuosha mchanga kwa kazi ndefu na kupata dhahabu kidogo kidogo. Wale waliouawa Sena wangeweza kumweleza hayo. Walikuwa wameinunua dhahabu hiyo kwa nguo na shanga kwa vizazi, na waliijua mizani yake.

Sikuyapata haya katika masomo yangu ya shule, ambako Wareno walipita kwa majina ya ngome na tarehe. Nayaandika kwa sababu nadhani yanatuhusu zaidi ya ngome.

## Ziwa lilivyopasuliwa

Kule Guatavita, waliochoka kuuliza watu waliamua kuliuliza ziwa. Katika miaka ya 1540 Hernán Pérez de Quesada, ndugu wa Gonzalo, aliwapanga vibarua wapokezane vibuyu vya maji hadi kina kikashuka kwa mita chache. Karibu mwaka 1580 mfanyabiashara Antonio de Sepúlveda alichimba mfereji kwenye ukingo wa ziwa, maji yakashuka sana, kisha kingo zikaporomoka na kuua vibarua wengi. Pengo alilolikata bado linaonekana. Mwanzoni mwa karne ya 20 kampuni ya Kiingereza ilifaulu kuyatoa maji karibu yote, tope likabaki laini kiasi cha kutokanyagika, na jua lilipowaka likakauka likawa gumu kama saruji. Vilivyopatikana havikufikia gharama. Serikali ya Colombia ililiweka ziwa chini ya ulinzi mwaka 1965.

## Watu wengi na watawala wenye nguvu

Narudi kwa Pizarro, kwa sababu safari yake haikuishia kwa Delicola. Chakula kilipokwisha, alimtuma Francisco de Orellana na watu wapatao 60 kuteremka mto kutafuta vyakula. Orellana hakurudi. Mkondo ulimchukua hadi mto Amazon, na mwezi Agosti 1542 akatokea Bahari ya Atlantiki. Pizarro na waliobaki walirudi Quito wakiwa wamekula farasi na mbwa wao, na wengi wa wale wenyeji 4,000 walikuwa wamekufa.

Padri Gaspar de Carvajal, aliyekuwa na Orellana, aliandika kwamba waliona kingo za mto zikiwa na makazi yaliyofuatana kwa mwendo mrefu, barabara zilizoingia bara, na watawala kama Machiparo walioweza kutoa wapiganaji wengi. Wasafiri waliopita baadaye hawakuona miji hiyo, na kwa muda mrefu Carvajal alihesabiwa kuwa mtia chumvi. Ndipo wataalamu wa mambo ya kale walipoanza kuchunguza udongo mweusi wenye rutuba uliotengenezwa na watu katika bonde la Amazon, na kupima ardhi kwa miale ya leza kutoka angani. Mwaka 2022 ilitangazwa miji ya kale ya watu wa Casarabe nchini Bolivia. Januari 2024 Stéphen Rostain na wenzake walitoa taarifa ya bonde la Upano, Ecuador, ambako zaidi ya majukwaa 6,000 ya udongo yameunganishwa kwa barabara zilizonyooka, kazi iliyoanza karibu mwaka 500 kabla ya Kristo. Upano haikuwa njia ya Pizarro, na ilikuwa imekwisha kuachwa karne nyingi kabla yake, lakini baada ya kuiona ni vigumu kuendelea kumcheka Carvajal. Maradhi yaliyoletwa na wageni yanatosha kueleza kwa nini waliomfuata walikuta kingo tupu.

Nikalirudia jibu la Delicola neno kwa neno kama lilivyohifadhiwa. Alisema kwamba mbele kuna watu wengi na watawala wenye nguvu. Miezi michache baadaye Orellana alikuwa akipita mbele ya vijiji vya Machiparo, akipigwa mishale usiku na mchana. Delicola aliwekwa mateka kwa jibu hilo, na nimekuwa nikimtetea hapa kama mtu aliyedanganya kwa haki. Sasa naamini kwamba alisema ukweli, na kwamba ni Pizarro aliyeuongezea dhahabu.